Siri za Nyumba Mbele ya Watu: Penina Muhando na Tamthilia Zake

Berega ni kijiji cha Ukaguru, katika wilaya ya Kilosa, mkoa wa Morogoro. Nchi hiyo ya vilima ilijulikana pwani zamani sana, kwani njia ya misafara iliyotoka Bagamoyo kwenda Mpwapwa na Unyamwezi ilikatiza humo. Wapagazi walipita na vitambaa na shanga, wakarudi na pembe, na kwenda na kurudi kwao kukaacha maneno. Kiswahili kilifika Ukaguru kwa miguu, kabla ya shule wala gazeti. Wamisionari wa Kianglikana wa CMS nao waliifuata njia hiyo hiyo mwishoni mwa karne ya 19, wakaweka kituo Mamboya, na baadaye Berega, ambako hata leo jina la kijiji huenda sambamba na jina la hospitali ya misheni.

Hapo ndipo alipozaliwa Penina Muhando mwaka 1948. Wapenzi wa mashairi wa visiwani na mwambao wamezoea kuwatafuta mafundi wa lugha katika Lamu, Mvita, Pemba, Unguja na Tanga, na si kosa kubwa, maana huko ndiko waliko wengi. Lakini katika miaka ya 1970 na 1980, pale fasihi ya Kiswahili ilipoanza kuyasema kwa sauti mambo ambayo nyumba za watu huyafungia mlango, aliyeyasema kwa ujasiri zaidi jukwaani alikuwa mwanamke huyo wa Kikaguru. Kiswahili hakikuwa lugha ya mama yake. Alikichagua.

Wakaguru, kama walivyo Waluguru, Wazigua na Wanguu, huhesabu ukoo kwa upande wa mama. Mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na mwenye sauti kubwa juu yake aghalabu huwa mjomba. Jambo hilo lisichukuliwe kuwa ni utawala wa wanawake. Mjomba ni mwanamume vile vile. Lakini lina maana yake: msichana wa Ukaguru hukua akijua kwamba ukoo umesimama juu ya mwanamke, na papo hapo huona jinsi mwanamke huyo anavyoinamishwa kila siku na mzigo wa kuni, jembe na mume. Atakayeisoma Nguzo Mama baada ya kulijua hilo, neno nguzo litamlia masikioni kwa namna nyengine.

Kitu cha pili alichokikuta Berega ni ngoma. Wakaguru wana ngoma ya wanawali iitwayo digubi, inayochezwa msichana anapovunja ungo na kuingizwa katika utu uzima. Kwa mgeni, na khasa kwa mmisionari, hiyo ilikuwa kelele ya usiku na upuuzi wa kishenzi, na waumini walikatazwa. Muhando alipokuwa mtaalamu aliiandikia makala mwaka 1981 katika jarida la michezo ya kuigiza la Marekani, akaiita kwa jina lake halisi: ni sanaa ya maonyesho, yenye wachezaji, nyimbo, maigizo na hadhira inayojua nini kinatendeka. Tasnifu yake ya udaktari, aliyoimaliza katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwaka 1983, nayo ilihusu sanaa za maonyesho za Wakaguru kama chombo cha kufundishia. Mafunzo ya mwali, kwa maelezo ya namna hiyo, ni darasa na ni jukwaa kwa wakati mmoja. Mambo ya mwili, ya ndoa, ya uzazi na ya aibu husemwa wazi humo, lakini husemwa mbele ya wanaostahiki kuyasikia.

Hapo kuna fundo la kazi yake yote. Watu wa mwambao wana neno zito sana, sitara. Nyumba ina sitara, mwanamke ana sitara, na jambo likitoka chumbani likafika barazani, sitara imepasuka. Tamthilia, kwa upande wake, ni kazi ya kupasua ukuta mmoja wa nyumba ili watu waone ndani. Huko Ulaya ukuta huo ulipasuliwa mapema: Henrik Ibsen wa Norway alimtoa mke nyumbani kwa mumewe mwaka 1879, na mlango ulipofungwa nyuma yake bara zima lilisikia. Lakini watazamaji wa Ibsen walikaa kwenye viti, gizani, kila mmoja na nafsi yake. Watazamaji aliowajua Muhando utotoni walisimama duara, wakaitikia kibwagizo, na huenda mmoja wao akaingia kucheza. Siri inayotolewa mbele ya duara la namna hiyo haiwi siri ya mtu mmoja tena.

Wala si kwamba pwani haikuwahi kufanya hivyo. Siti binti Saad wa Unguja, aliyekwenda Bombay mwaka 1928 kurikodi nyimbo zake, aliimba kisa cha Kijiti, muuaji wa mwanamke mgeni, jinsi alivyotoroka na jinsi adhabu ilivyowaangukia wanawake badala yake. Mji mzima uliuimba wimbo huo. Taarabu ilikuwa imekwisha kuitengeneza njia ambayo tamthilia ilikuja kuipita nusu karne baadaye.

Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilianzisha idara ya sanaa za maonyesho mwaka 1967, mwaka wa Azimio la Arusha. Kabla ya hapo jukwaa la Kiswahili lilikuwa na vichekesho vya shule, na tafsiri ya Shakespeare ya Mwalimu Nyerere, iliyo tamu kusomwa na ngumu kuigizwa. Kisha akaja Ebrahim Hussein na Kinjeketile (1969) na Mashetani (1971), na papo hapo tamthilia ya Kiswahili ikawa na kimo. Hussein aliandika juu ya taifa, historia na nafsi iliyopasuka. Muhando alianza kwengine kabisa, kwenye mimba ya msichana.

Hatia ilichapwa Nairobi na East African Publishing House mwaka 1972. Ni mchezo mfupi, wa maneno ya kawaida, na msomaji wa leo anaweza kuumaliza kwa kikao kimoja. Msichana asiyeolewa ana mimba, na jamii yote inayomzunguka inatafuta mahali pa kuuweka mzigo. Nani mwenye hatia? Jina la mchezo linauliza kabla mhusika yeyote hajafungua kinywa. Ufundi wake bado ni mchanga, lakini suali halikuzeeka. Zanzibar ilitunga sheria mwaka 1985 iliyoruhusu mwanamke asiye na mume kufungwa jela kwa sababu ya mimba, na haikuondolewa hadi mwaka 2005. Tanzania Bara nako wasichana wenye mimba waliendelea kufukuzwa shule miaka nenda miaka rudi; mwaka 2017 Rais John Magufuli alitamka hadharani kwamba hawatarudi darasani, na ni mwezi Novemba 2021 tu, chini ya Rais Samia Suluhu Hassan, ndipo serikali ilipotangaza kuwa wanaweza kurejea. Baina ya kitabu kile chembamba na tangazo hilo ni miaka 49.

Baada ya Hatia zilifuata kazi nyingi kwa kasi: Tambueni Haki Zetu (1973), Heshima Yangu (1974), Pambo (1975) na Talaka si Mke Wangu (1976). Si zote zilizo sawa. Pambo, inayogusa kijana aliyeelimishwa hata elimu yake ikamtenga na watu wake, ina wazo kali kuliko maneno yake, na kuna mahali wahusika wa tamthilia hizo za mwanzo husimama na kutoa hutuba ambayo mtunzi angeweza kuitoa mwenyewe katika mkutano. Ilikuwa ada ya wakati ule. Ngonjera, alizozieneza Mathias Mnyampala, zilikuwa zimewazoeza watu kuona pande mbili zikijibizana na upande wa haki ukishinda, na tamthilia nyingi za miaka hiyo ni ngonjera zilizovuliwa vina.

Talaka si Mke Wangu inahitaji maneno zaidi, kwa sababu ya wakati wake. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilikuwa imebadilisha mambo makubwa Tanzania Bara (Zanzibar haikuingizwa): talaka ikawa kazi ya mahakama baada ya kupita katika baraza la usuluhishi, mwenzi akakatazwa kumwadhibu mwenzake kwa kipigo, na mali iliyochumwa pamoja ikawa ya kugawanywa. Kwenye karatasi, mke alikuwa amepewa ngao. Muhando aliandika tamthilia ya talaka miaka mitano baadaye, na inafaa kuisoma kama mtu aliyekwenda nyumbani kwa watu kuangalia kama ngao ile imefika. Alichokikuta ni maumivu ambayo hakimu hana kipimo chake. Hapo ndipo anapoanza kukomaa: kamuacha wakili, kamuacha mhubiri, akasikiliza.

Kazi yake kuu ni Nguzo Mama, iliyotolewa na Dar es Salaam University Press mwaka 1982. Umoja wa Mataifa ulikuwa umeitangaza miaka ya 1976 hadi 1985 kuwa Muongo wa Wanawake. Kulikuwa na semina, vitenge vya maadhimisho, nyimbo za kuwapongeza akina mama, na viongozi waliopenda sana kusema kwamba mwanamke ni nguzo ya taifa. Muhando akaichukua kauli hiyo ya majukwaani akaifanya kitu cha kushikika. Katika kijiji cha Patata kuna nguzo imelala chini. Jina lake ni Nguzo Mama. Wanawake wa kijiji wanatakiwa waisimamishe.

Wanawake hao hawana majina ila namba: Bi Moja, Bi Pili, Bi Tatu, na kuendelea hadi Bi Nane. Kuna watakaosema kuwa huo ni umaskini wa sanaa, kwamba mhusika asiye na jina hana roho. Hilo si kweli. Kwanza, ndivyo wanawake walivyokuwa wakihesabiwa katika ripoti za Muongo ule, kwa idadi. Pili, neno Bi linabaki palepale. Ni heshima iliyotundikwa juu ya tarakimu, na kila mhusika anapoitwa, msikilizaji huisikia heshima na huuona utupu ulio nyuma yake. Huo ni ufundi wa mshairi, ingawa Muhando hajulikani kwa ushairi.

Kila anayetaka kuivuta kamba ana kinachomvuta nyuma. Kuna anayehangaika kutafuta fedha na mume akaja akaichukua kwenda kulewea. Kuna mjane ambaye jamaa za marehemu wanamiminika kuchukua kila kilichomo nyumbani. Kuna pia uhasama wa wao kwa wao, masengenyo, wivu, na huyu kumdharau yule. Mtunzi hawasamehi wanawake kwa kuwa ni wanawake. Nguzo haisimami. Tamthilia inamalizika nayo iko chini, na hii yatosha kuitofautisha na mamia ya maigizo ya sherehe yaliyotungwa nchini katika miaka ile, ambayo yote yalijua mwisho wake kabla ya kuanza.

Anayetuongoza humo ni Chizi. Jina linajieleza. Chizi huingia na kutoka, husimulia, huimba, huwacheka wahusika na watazamaji, na ndiye peke yake mwenye ruhusa ya kusema lolote. Msomaji wa pwani atamtambua mara moja, kwani hapakosi mji wenye mwendawazimu wake anayewatolea wakubwa siri zao sokoni, na watu wakacheka kwa sababu hawawezi kumshitaki. Kwa Chizi, Muhando alilitatua tatizo lililomsumbua tangu Hatia, yaani wapi aiweke sauti yake mwenyewe. Katika kazi za mwanzo sauti hiyo ilivuja kwenye vinywa vya wahusika. Sasa ilipata mwili, ikapewa wazimu, ikawa huru, na wahusika wakaachiwa wazungumze kama watu wazungumzavyo. Sehemu za Chizi zina mwendo wa ngano na wimbo, na hapa mafunzo ya digubi yanarudi: mwimbishaji katikati ya duara, kiitikio pembeni.

Lina Ubani ilifuata mwaka 1984, kutoka kwa wachapaji hao hao, na kwa wapenzi wa lugha pengine ndiyo yenye jina zuri kuliko zote. Wahenga walisema la kuvunda halina ubani. Mtunzi akaondoa silabi moja. Je, lililovunda lina ubani? Linaweza kufukizwa likanukia? Nchi ilikuwa imetoka katika Vita vya Kagera vya 1978 na 1979. Vijana walikufa, maduka yakawa matupu, na wananchi walioambiwa wafunge mikanda kwa miezi 18 waliendelea kuifunga miaka mingi baada ya hapo, huku wakiwaona wachache ambao mikanda yao haikuwatosha tena kwa unene. Tamthilia hiyo inauchukua msiba wa nyumba na kuusimamisha kando ya uozo wa dola, kwa hadithi, nyimbo na ngoma. Mtu wa visiwani anajua ubani unachomwa lini: kwenye arusi na kwenye maiti. Jina lile peke yake limebeba yote mawili.

Kazi hizi hazikuandikwa na mtu aliyejifungia chumbani. Muhando alikuwa mwalimu wa jukwaa, mwelekezi na mwenzi wa kundi. Pamoja na Amandina Lihamba na Ndyanao Balisidya alitunga Harakati za Ukombozi, iliyochapwa 1982, na wote watatu walikuwa nguzo za kundi la Paukwa pale Dar es Salaam. Balisidya, aliyefariki mapema, alikuwa mtunzi wa riwaya ya Shida na mwandishi mwenziwe wa kitabu cha Fasihi na Sanaa za Maonyesho (1976). Lihamba naye alikuwa ameichukua hadithi ya Sembène Ousmane wa Senegal aliyeiandika kwa Kifaransa, akaifanya tamthilia ya Kiswahili, Hawala ya Fedha (1980). Jina la Sembène linafaa kusita hapo kidogo. Yeye alianza kwa riwaya, akaona kwamba watu aliowaandikia hawawezi kuzisoma, akashika kamera. Hadithi hiyo hiyo ya hawala akaigeuza filamu ya Kiwolofu mwaka 1968. Muhando alikabiliwa na suali hilo hilo, lakini hakuwa na kamera. Kiswahili alikuwa nacho tayari. Lakini hata kitabu cha Kiswahili kina bei, na kinasomwa na mwanafunzi anayetakiwa kukijibia mtihani.

Basi akatoka nje ya kitabu. Mwaka 1982 na 1983, yeye na wenzake wa chuo walikwenda Malya, mkoani Mwanza, wakaishi na wanakijiji, wakawauliza linalowasumbua. Jibu lilikuwa vijana wasio na kazi na wasichana wa shule wanaopata mimba. Hatia ilikuwa imerudi, safari hii haina mtunzi. Wanakijiji wenyewe walilijadili, wakalitungia mchezo, wakauigiza kwa ngoma zao, kisha wakakaa kuuzungumza mbele ya walioutazama. Kazi kama hiyo ilifanyika pia Bagamoyo na Msoga, na Muhando aliieleza katika kitabu chake cha Kiingereza juu ya utamaduni na maendeleo, kilichotolewa Uppsala mwaka 1991. Mwelekezi katika michezo ya aina hii ana kazi ngumu kuliko ya kuwapanga waigizaji: anatakiwa ajue namna ya kunyamaza.

Hapa wapenzi wa fasihi wana haki ya kunung'unika. Baada ya Lina Ubani, mkono ulioandika Nguzo Mama ulipungua kuandika tamthilia za vitabuni. Ulishikwa na uongozi wa taaluma chuoni, na baadaye na kuiongoza FAWE, jumuiya ya wanawake waelimishaji wa Afrika yenye makao Nairobi. Michezo ya vijijini haikuchapwa. Ilikwisha siku ilipochezwa. Anayependa maneno yaliyopangwa vizuri atasema kwamba fasihi imepunjwa, na kwa kipimo chake atakuwa na haki. Lakini mchezo wa Malya haukukusudiwa kubaki. Digubi nayo haibaki. Anayebaki ni mwali aliyetolewa.

Na yako mambo yaliyobaki. Mwaka 1996 walimu wa sanaa wa Dar es Salaam, Muhando na Lihamba wakiwa mbele, walianzisha mradi wa Tuseme katika shule za sekondari, ambamo wasichana hutumia maigizo kueleza yanayowakwamisha katika masomo. FAWE iliuchukua mradi huo na kuupeleka nchi nyingine za Afrika, na jina lake likasafiri kwa Kiswahili chake. Katika makala ya mwaka 1990 juu ya kutunga kwa lugha ya mama, Muhando alikuwa amekwisha kuieleza gharama ya kuandika kwa Kiswahili: mtunzi huwa mashuhuri kwake na mgeni duniani. Gharama hiyo aliilipa. Ni wachache nje ya Afrika Mashariki waliozisoma tamthilia zake, na hata mwambao wako wanaomjua kwa jina la Nguzo Mama tu, kwa kuwa iliwahi kutahiniwa shuleni.

Ilipoanzishwa Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, ambayo washindi wake wa mwanzo walitangazwa mwezi Aprili 2023, kamati yake iliongozwa na Profesa Penina Mlama, kwa jina lake la ndoa. Miswada ya vijana ilipita mikononi mwake, riwaya na mashairi, kutoka bara na visiwani. Nguzo Mama bado imelala chini Patata.